Mhuri Mara Tatu

Jumatatu, 4 Agosti

Juwairiya anajenga! Wiki nzima anajenga, hatua arobaini kutoka barazani kwangu, na mimi sijaombwa kitu. Si ruhusa, si baraka, si hata kikombe cha chai. Miaka saba mimi ni mwenyekiti wa LC1, yaani serikali ya mtaa, hapa Zoni ya Mvule, Mpumudde, Jinja. Hakuna mtu wa zoni hii aliyeoa, aliyehama wala aliyeuza mbuzi bila mhuri wangu. Leo mjane muuza mandazi anapandisha vyumba viwili kana kwamba mimi, Sebit Bakhit, nimeshazikwa.

Afadhali Gorreti, jirani yake wa ukuta kwa ukuta. Amekuja asubuhi kulalamika, Mungu ambariki. Maji ya paa yatamwagikia uani kwake. Na dirisha moja litatazama kamba yake ya nguo. Nguo za ndani zikiwemo, alisema, akanikazia macho kama vile dirisha ni mimi. Nikamwambia aniachie.

Nimeandika barua. Nzuri mno! "Kwa mujibu wa sheria, ujenzi usimame mara moja." Sikutaja sheria gani. Ukiitaja, mtu ataenda kuitafuta. "Vifaa vyote vya kazi vitashikiliwa na LC mpaka baraza la zoni litakapokaa." Baraza hukaa mwenyekiti akiliita. Na mwisho, sentensi iliyonitoka yenyewe: "Maendeleo bila mhuri ni uasi." Niliisoma kwa sauti mara mbili. Nikapiga mhuri mara tatu.

Ramlah, mke wangu, alisema mmoja ungetosha. Hajui serikali.

Mama amefunga sanduku tena leo. Miaka themanini na mmoja, na kila Jumatatu anafunga sanduku. Tangu mwaka jana analala chumbani kwetu, na mimi na Ramlah tunalala sebuleni, miguu yake usoni pangu. Mama ana kiwanja alichoachiwa na Baba, kule Nabuyonga, Mbale. Namjengea nyumba ya vyumba viwili. Anataka jambo moja tu duniani: alale kwenye kiwanja cha mumewe kabla hajafa. Nimemwahidi mwisho wa mwezi huu. Lazima paa likae kabla mvua haijakaza, kwa sababu matofali nimeyashikisha kwa udongo, si saruji. Udongo ni mzuri sana mpaka unyeshewe.

Jumanne, 5 Agosti

Barua imefika. Nilikwenda mwenyewe, na Tonny nyuma yangu. Tonny ni katibu wetu wa usalama, askari mstaafu wa gereza. Hajawahi kuuliza amri inatoka wapi, ndiyo maana nampenda.

Juwairiya aliisoma polepole, mikono ina unga. Akauliza ni sheria gani. Nikamwambia ni ya serikali. Akasema ana ramani iliyopitishwa na jiji, na kibali, na risiti, vyote ndani ya bahasha, nikitaka alete. Sikutaka. Nikiziona, itabidi niwe nimeziona.

Tonny alikamata makoleo matatu, pima maji na wilbaro moja mpya, ya kijani, imeandikwa JUWA kwa rangi nyekundu ubavuni. Juwairiya aliniambia tu kwamba zimebaki kozi mbili za matofali kabla ya kupaua, na kwamba mwenye nyumba wa pale anapopanga sasa anataka chumba chake mwisho wa mwezi. Halafu akatazama juu. Na mimi nikatazama juu. Kulikuwa na wingu upande wa ziwa.

Tonny aliuliza, "Afande, hii vitu natunza wapi?" Nyumbani kwangu, bila shaka. Makoleo chini ya kiti. Wilbaro nyuma ya jiko. Ramlah amejikwaa nayo mara mbili, na mara ya pili alitaja jina la baba yangu.

Alhamisi, 7 Agosti

Mbale! Semina ya wenyeviti kuhusu takataka. Siku nzima takataka. Lakini nimepata rafiki. Anaitwa Erisa, mwalimu wa shule ya msingi, mwenyekiti mpya wa Zoni ya Daraja, Nabuyonga. Mtu mwema, anaandika kila kinachosemwa. Wakati wa chakula alinililia kwamba watu wa zoni yake hawamsikii, hasa wanaojenga. Nikamwonyesha nakala ya barua yangu. Aliposoma "Maendeleo bila mhuri ni uasi" akaweka kijiko chini.

Aliniomba nakala. Nikampa. Nikamfundisha aache nafasi ya jina, aijaze tu. Aliniita mwalimu. Mwalimu mzima kuniita mimi mwalimu! Nilifurahi, nasema kweli, nilifurahi sana.

Sikumwambia kwamba nyumba ya Mama iko kwenye zoni yake. Kiwanja kina jina la Mama, Hajati Aminah, na mimi sikupita kwa LC wa kule. Ningepita, angetaka chai, na barua, na mhuri, na mwezi mzima umekwisha. Mambo hayo ni ya watu ambao hawajui kazi.

Baadaye nilichomoka mpaka kiwanjani. Shafik, fundi wangu, amefika juu ya madirisha. Tatizo, alisema, ni kubeba udongo kichwani kwa karai. Angekuwa na wilbaro angepaua baada ya wiki moja. Nilisimama pale. Wazo lilikuja lenyewe, sikuliita.

Jumamosi, 9 Agosti

Wilbaro imesafiri. Lori linaloleta vitunguu Jinja linarudi Mbale tupu, na dereva ananijua. Ramlah aliuliza kama huo si wizi. Nikamweleza taratibu. Barua inasema vifaa vitashikiliwa na LC. Haisemi vitashikiliwa wapi. Huko ni kuhifadhi mbali tu. Akasema na mimi angependa kunihifadhi mbali.

Shafik amepiga simu jioni. Wilbaro ni nzuri, inakwenda yenyewe. Nilimwambia apake matope pale penye jina.

Jumapili, 10 Agosti

Imenyesha kidogo saa tisa. Nilikuwa barazani. Nilimwona Juwairiya akitoka mbio na kavera, karatasi kubwa ya plastiki, kufunika kuta. Ana mifuko minne ya saruji pale nje, na saruji ikilowa inakuwa jiwe. Kavera haikutosha. Alivua kitenge cha juu akaifunika mifuko, akakaa juu yake kwenye mvua, amekunja mikono, anatazama mbele. Hakutazama kwangu. Ningependa angetazama kwangu, nikasirike.

Nilijisikia vibaya. Naandika hapa kwa sababu hakuna atakayesoma. Kisha nikakumbuka kwamba hakuomba ruhusa, nikajisikia vizuri kidogo.

Mvua ilipokatika Mama alivuka kwenda kwake na chupa ya chai. Mama yangu! Chai ya nyumba yangu! Alikaa saa nzima. Aliporudi nikamwambia anaharibu kazi ya serikali. Akanijibu kwa Kinubi, lugha yetu, neno ambalo siliandiki. Halafu akauliza kama nyumba yake ya Nabuyonga imepauliwa. Nikasema bado wiki moja. Ameanza kusuka tabaga mpya ya kufunikia chakula, nyekundu na nyeusi, ya kutundika sebuleni kwake.

Jumanne, 12 Agosti

Ya Rabi!

Shafik amepiga simu saa nne. Kazi imesimamishwa Nabuyonga. Jirani mmoja, Margret, amelalamika kwa LC kwamba maji ya paa la Hajati yatamwagikia uani kwake. Mwenyekiti amekuja na barua. Nikamwambia Shafik anisomee. Alianza, "Kwa mujibu wa sheria, ujenzi usimame mara moja." Nikamwambia aruke mpaka mwisho. Akasoma, "Maendeleo bila mhuri ni uasi." Akasema barua ni kali kweli, huyo aliyeiandika si mtu wa mchezo.

Miaka yote hii hakuna aliyesifu maandishi yangu. Leo ndiyo nasifiwa.

Wamechukua vifaa vyote. Wilbaro pia. Wilbaro ya Juwairiya imekamatwa mara mbili kwa barua moja! Na kuta za Mama zimefika kozi ya mwisho. Hazina paa, na udongo ni mbichi. Shafik anasema kila alasiri mlima Wanale unajifunika.

Mama aliuliza nani kapiga simu. Nikasema mtu wa takataka.

Jumatano, 13 Agosti

Nimekwenda Mbale alfajiri. Nilikuwa nimepanga maneno njiani. Kwamba nyumba ni ya mama yangu, kwamba sisi ni ndugu katika uongozi, kwamba yaishe.

Erisa aliponiona alinikumbatia. Alinipeleka ofisini, chumba cha nyuma cha duka la mkewe, akanionyesha vifaa vimepangwa ukutani kama zawadi za harusi. Dawa yangu imefanya kazi, alisema. Siku ya kwanza tu! Watu wameanza kumwamkia. Alinionyesha wilbaro. Akasema mwenye nyumba lazima ni mjeuri, maana fundi wake ameficha jina kwa matope. Nikasema watu wabaya kweli. Ningesema nini? Nikasema nimekuja kumpongeza.

Nikamuuliza, kwa juujuu tu, baraza lake litakaa lini. Akacheka. Mwalimu, akasema, si wewe uliniambia baraza hukaa mwenyekiti akiliita? Na yeye ana msiba Bududa, atarudi Ijumaa jioni. Akaninunulia soda. Nilikunywa, nikamshukuru.

Alasiri Wanale ulikuwa mweusi kabisa. Shafik hakuwepo. Nilinunua kavera nikapanda ukutani peke yangu, mimi, mtu wa miaka hamsini na nne, suruali ya semina. Ukuta ulitikisika chini ya goti langu. Nilifunika upande mmoja, upepo ukafunua mwingine. Margret alitoka kwake na kikombe mkononi, akanitazama. Nilijua hasa alivyokuwa anajisikia, maana Jumapili mtazamaji nilikuwa mimi, na hilo ndilo liliniuma.

Haikunyesha leo. Alhamdulillahi. Leo.

Ijumaa, 15 Agosti

Nilitoka msikitini nikamkuta mkaguzi wa majengo wa jiji barazani kwangu. Dada kijana, viatu vina vumbi, faili kubwa. Juwairiya pembeni yake na ile bahasha. Na Mama, amewaletea viti!

Dada hakupandisha sauti, na hilo lilinitisha zaidi. Alisema mwenyekiti wa LC ana kazi zake na anaziheshimu. Majirani wakigombana, nawasikiliza, nawapatanisha. Nikiona jengo lina shaka, naandika taarifa jijini. Hapo ndipo mamlaka yangu yanapokwisha. Kusimamisha jengo si kazi yangu. Ni kazi ya kamati ya majengo ya jiji na wakaguzi wake, tena kwa ilani ya maandishi, yenye sababu, na mwenye jengo ana haki ya kukata rufaa. Malalamiko ya jirani peke yake hayasimamishi hata banda la kuku. Na kukamata vifaa vya mtu, alisema, polisi wana jina lao la jambo hilo.

Tonny alikuwa amesimama kwa heshima. Alinong'ona, "Afande, huyu nasema ukweli?" Nikamwambia anyamaze.

Juwairiya anaendelea na kazi leo leo, dada akaamuru. Vifaa virudi ifikapo Alhamisi, vyote, kama vilivyo. Makoleo nikatoa hapo hapo chini ya kiti. Pima maji nikatoa. Dada akauliza wilbaro. Nikasema iko kwenye hifadhi. Hifadhi ipi? Ya usalama zaidi. Juwairiya alinitazama muda mrefu. Mama naye alinitazama, na Mama ana macho makali kuliko jiji lote.

Lakini wakati dada anaongea, mimi kichwani nilikuwa Nabuyonga. LC hawezi kusimamisha jengo. Hawezi! Kila alilonipiga nalo, ndilo dawa ya Erisa. Nikamwomba aniandikie yote hayo, kwenye karatasi ya ofisi, kwa jina langu, na mhuri. Alishangaa. Alisema hiyo si hukumu ya kesi yoyote, ni maelezo ya jumla ya sheria tu. Nikasema jumla ndiyo naitaka. Akasema ni mara ya kwanza kukutana na mwenyekiti anayetaka kujifunza. Aliandika ukurasa mzima.

Nililala nimeiweka chini ya mto. Miguu ya Ramlah sikuihisi.

Jumamosi, 16 Agosti

Ushindi! Au ndivyo nilivyofikiri mpaka saa nane.

Nilimkuta Erisa amerudi kutoka msibani. Nikaweka barua ya dada mezani. Nikamwambia LC hana mamlaka ya kusimamisha jengo, asome mwenyewe. Alisoma mara mbili, kidole chini ya kila mstari. Akauliza, kwa sauti ndogo, kwa nini basi nilimpa ile ya kwanza. Nikasema sheria zinabadilika. Akauliza zimebadilika tangu Alhamisi ya wiki iliyopita? Halafu akauliza inanihusu nini nyumba ya Hajati Aminah. Hapo ikabidi niseme. Ni mama yangu.

Hakukasirika. Heri angekasirika. Aliinuka akatoa vifaa kimoja kimoja, akafuta matope kwenye wilbaro kwa shati lake kuukuu, akasoma JUWA, hakuuliza. Akaniomba radhi. Aliniomba radhi mimi! Alisema amekosea na kuanzia leo atafuata sheria kama ilivyoandikwa. Nikamshika mkono kwa furaha. Nilikuwa mlangoni na wilbaro yangu aliposoma tena karatasi na kusema: basi kama ni hivyo, kazi yake ni kuandika taarifa jijini, na ataiandika leo, maana hata ramani ya nyumba ile hajaiona.

Nilimwambia hakuna haraka. Akasema, mwalimu, huwezi kusimamisha, lakini lazima utaarifu, si ndivyo ilivyo hapa? Ndivyo ilivyo hapo.

Ramani! Ramani yangu Shafik aliichora chini kwa kijiti, na tulipoanza kuchimba msingi tuliikanyaga.

Jumatatu, 18 Agosti

Shafik alifanya kazi Jumapili nzima. Nilimwambia akimbie, nami nikasukuma wilbaro mwenyewe mpaka viganja vikachubuka. Mbao za paa zilikuwa zimefika. Mabati yalikuwa yamelala chini, kumi na sita, yanang'aa. Siku mbili tu! Nilihitaji siku mbili tu.

Saa tano leo mkaguzi wa Mbale amefika kwa boda boda. Mzee mpole, miwani imefungwa kwa uzi. Aliuliza ramani. Aliuliza kibali. Aligusa udongo wa ukuta kwa kidole, akaubonyeza, ukabonyea. Akasema bibi wa miaka themanini na mmoja hawezi kulala chini ya kitu hiki. Aliandika ilani. Ya maandishi. Yenye sababu. Na haki ya kukata rufaa, aliipigia mstari. Mhuri mmoja tu, mdogo, na kila mtu akaweka koleo chini.

Wahenga walisema nimeruka mkojo nikakanyaga mavi. Nilimshinda asiye na uwezo, nikamwamsha mwenye uwezo. Nilimuuliza mzee kama anaruhusu angalau mabati yakae juu kwa muda, mvua ipite. Akasema anaelewa, lakini paa juu ya ukuta ule litaua mtu. Nilitaka kumchukia. Alinisaidia kufunika mbao kabla ya kuondoka.

Mama amepiga simu. Anauliza chumba chake kinatazama wapi. Nikamwambia kibla, kama alivyotaka. Akasema vizuri, tabaga imekwisha.

Jumanne, 19 Agosti

Saa kumi kasoro imeshuka kutoka Wanale. Si mvua ya kuanza kwa matone. Ilikuja yote.

Mimi na Shafik tulishika kavera, yeye kona ile, mimi kona hii. Nilipiga kelele ashike, naye alipiga kelele niachie. Maji yalianza kutoka ndani ya ukuta, mekundu, kati ya tofali na tofali. Niliyabana matofali kwa mikono. Najua ni upumbavu. Niliyabana kwa mikono na kifua, nikaukumbatia ukuta ule, nikauambia ngoja, ngoja kidogo, siku mbili tu. Shafik alinivuta kwa mkanda wa suruali.

Ukuta wa chumba cha Mama ulilala wa kwanza. Haukuwa na kishindo. Ulikaa chini taratibu kama mtu aliyechoka. Zingine zikaufuata. Baada ya nusu saa kulikuwa na fremu moja ya mlango imesimama peke yake.

Nilikaa kwenye wilbaro. Hapakuwa na pengine pa kukaa. Margret alinijia na mwavuli akanisimamia mpaka mvua ikapungua. Aliniambia hakujua ni nyumba ya mama wa mtu. Alidhani ni ya kupangisha. Nililia. Ilikuwa mvua, hakuona. Nadhani aliona.

Alhamisi, 21 Agosti

Wilbaro imerudi Mpumudde, juu ya vitunguu. Niliisukuma mwenyewe mpaka kwa Juwairiya, mbele ya zoni nzima. Nyumba yake imepauliwa. Mabati ya bluu! Mfereji wa maji ya mvua umefungwa upande wa Gorreti, unaingiza kwenye pipa, na Gorreti mwenyewe alikuwa anachota pale.

Juwairiya alilikagua gurudumu, akakwaruza udongo kwa kucha. Alisema huu mwekundu si wa Jinja. Nikasema hapana. Alikwisha jua yote, Mama alimwambia. Aliniuliza kama mtu ameumia. Nikasema hakuna. Akasema alhamdulillahi, akaingia ndani akatoka na mandazi matatu kwenye karatasi. Nilikuwa nimejiandaa kwa matusi. Kwa mandazi sikujiandaa.

Kwa Mama nilisema yote jana usiku, nimekaa chini, mbele ya sanduku. Alinisikiliza mpaka mwisho. Hakunipiga, hakulia. Aliuliza ukuta wake ulianguka upande gani. Nikasema kwa kibla. Kisha akafungua sanduku akatoa tabaga, akaiangalia huku na huku, akaiweka magotini.

Jumapili, 31 Agosti

Mama amehama!

Amehamia chumba cha mbele cha Juwairiya. Amepanga! Hatua arobaini kutoka kwa mwanawe wa kumzaa! Nilimuuliza kwa nini. Akasema Nabuyonga aliitaka kwa ajili ya Baba, lakini Baba atamsubiri, alikuwa mtu wa subira. Na kama ni chumba cha kufia, anataka nyumba yenye karatasi.

Juwairiya alikuja Ijumaa kwa adabu zote. Mpangaji mpya lazima awe na barua ya utambulisho kutoka LC, akasema, kama sheria ya zoni inavyotaka. Jina, Hajati Aminah. Tabia, nijaze mwenyewe. Ikabidi niandike barua ya kumtambulisha mama yangu kwamba namjua. Nikapiga mhuri mara moja. Tonny alibeba sanduku, nami nikabeba godoro. Tabaga imetundikwa ukutani na inapendeza, siwezi kukataa.

Chumbani kwetu tumerudi. Kitanda ni kikubwa mno. Ramlah amelala mbali.

Nimekaa wiki nzima nikijichunguza kwa ukweli, kama mwanamume. Makosa nimeyaona. Ni mawili. Kosa la kwanza, nilimpa Erisa nakala. Barua nzuri haitolewi nakala. Kosa la pili, mhuri. Yule mzee wa Mbale alipiga mmoja tu, watu wakaweka makoleo chini, na mimi natumia mitatu. Maana yake wangu ni hafifu. Nimeagiza mpya kwa mchongaji wa Nalufenya, mkubwa mara mbili, una nyota, na umefika asubuhi hii. Unajaza kiganja.

Na Gorreti amekuja. Maji hayana tatizo tena, amesema. Lakini dirisha! Lile la mbele. Mwenye chumba anakaa hapo tangu alfajiri anasuka, anaona kila kitu kwenye kamba, na jana alimshauri abadilishe sabuni. Nikamwambia aniachie.

Kazi ni kazi. Huwezi kupendelea. Nimeandika: "Kwa mujibu wa sheria, dirisha lizibwe mara moja." Nikamwita Tonny aje kuipeleka. Nilipoinua macho, Mama alikuwa dirishani, ananitazama mimi na karatasi yangu. Alinipungia mkono. Nikampungia.

Kisha nikapiga mhuri mara tatu.